Halaiki ya Ghalani

Kiti alichokaribishwa Saadia kilikuwa cha magurudumu. Kila akijaribu kuegemea, kiti kinarudi nyuma, inambidi akaze miguu sakafuni kukizuia, na kila akikaza miguu maumivu yanampanda kutoka kiunoni mpaka shingoni. Palikuwa na kiti kingine, cha mbao, kimetulia kando ya mlango. Hicho Naftali alikuwa amekiwekea jaketi lake.

"Pole, mama," alisema Naftali, akawasha feni ndogo ya mezani. Nje theluji ilikuwa imeganda, watu wanapumua moshi, na yeye anawasha feni. Saadia alijua kwa nini. Alikuwa amejipaka mafuta ya karafuu mgongo mzima na chumba kilikuwa kinanukia.

Naftali alikuwa Mkenya, msimamizi wa kitengo cha kufunga mizigo katika ghala moja la mji wa Shakopee, ughaibuni. Mtu wa kanisani, mwenye sauti ya maombi, na habari mbaya zote za ghala lile zilipitia kwenye sauti hiyo.

"Ile kesi yako imerudi," alisema. "Wamekataa."

"Wamekataa nini?"

"Wanasema mgongo haukuumia hapa. Ulikuwa mbaya kutoka kitambo. Kwa hivyo matibabu ni juu yako, na hizi siku umekaa nyumbani hazilipwi. Si mimi nimesema, mama. Ni wakubwa."

Ghala lile lilikuwa la vifaa vya mazoezi: vyuma vya kunyanyua, mikeka, mashine za kukimbilia ndani ya nyumba. Kutwa yeye na wenzake walinyanyua vyuma ili matajiri wa mji wa Eden Prairie wapate vyuma vya kunyanyua. Boksi lililomvunja mgongo lilikuwa na picha ya watu wawili ubavuni, maana yake lisibebwe na mtu mmoja. Mwenzake wa kubeba naye alikuwa amehamishiwa mstari mwingine asubuhi ileile, na aliyemhamisha ni huyuhuyu Naftali. Saadia alilinyanyua peke yake kwa sababu mkanda wa mizigo ulikuwa unakwenda na taa nyekundu ya kuonya wanaochelewa ilikuwa inawaka. Alisikia kitu kimekatika mgongoni, akaanguka, na watu kadhaa walimwona akianguka.

"Nani kawaambia mgongo wangu ulikuwa mbovu?" aliuliza.

Naftali alichezea kalamu. "Si ni mzee wako."

"Mzee wangu yupi?"

"Masudi. Bwana yako. Aliulizwa, kama mwalimu wa mazoezi. Akasema tangu uanze mazoezi ya asubuhi hukunji vizuri, kwa hesabu ya nne, ile ya kuinama, unachelewa kila siku, na amekuambia mara mingi. Nao wakaangalia video. Ni ukweli, mama, unachelewa."

Saadia alitaka kusema kitu, lakini kiti kikarudi nyuma, akawa anapigana nacho mbele ya yule bwana.

"Sasa nisikize," Naftali aliendelea. "Ijumaa wakubwa wanakuja kutoka makao makuu kuona hayo mazoezi ya mzee. Watarekodi. Ukikuja usimame na wenzako, ionekane umepona, naweza kukuombea kazi rahisi. Ya kubandika lebo, umekaa."

"Na nisipokuja?"

"Hapo sasa sina nguvu."

Aliinuka kwa kushika meza. Kiti kilimkimbia, kikagonga ukuta. Naftali alikuwa ameshaanza kusoma simu yake.

&nbsp;

Nyumbani kwao Burnsville, Masudi alikuwa jikoni anachambua mchele. Alikuwa mtu wa miaka sitini na kitu, na hata kuchambua mchele alikuwa akisimama visigino vimegusana, kifua mbele. Nyuma ya mlango ilikuwa imetundikwa suti ya michezo nyeupe, mpya, bado ina karatasi ya dukani. Aliinunua kwa ajili ya Ijumaa. Alikuwa ameahidiwa kwamba mambo yakienda vizuri atatolewa kwenye kufunga mizigo, afundishe mazoezi katika maghala yote ya kampuni, na tangu aahidiwe alikuwa halali vizuri kwa furaha.

"Wamesemaje?" aliuliza.

Saadia hakuvua hata mabuti. Theluji ilimwagika juu ya zulia. "Umewaambia nini watu kuhusu mgongo wangu?"

Masudi hakujitia hamnazo, na hilo ndilo lililomuuma zaidi. Aliweka ungo chini kwa utaratibu. "Niliitwa, nikaulizwa Saadia anafanyaje mazoezi. Nikasema hesabu ya nne anachelewa, na anakunja mgongo badala ya magoti. Si kweli?"

"Kweli."

"Basi."

Ati basi. Lakini ukitaka kumwelewa Masudi, na kumwelewa si kumsamehe, sharti ujue alikotoka. Ujanani kwao Unguja, enzi za chama kimoja, alikuwa mkufunzi wa halaiki. Walimu wa Kikorea walikuja wakawafundisha vijana namna ya kuwafanya watoto wa shule wawe picha. Maelfu uwanjani wanaruka na kuinama kwa pamoja, maelfu jukwaani wameshika kadi za rangi, bendera ikipungwa wanafungua, na pale panatokea jembe, au mwenge, au uso wa kiongozi anacheka. Mwili wa mtoto haukuwa wake, ulikuwa wa taifa, na taifa halikutaka kusikia kwamba mwili umechoka. Kila baada ya mazoezi mkufunzi alipanda juu akasoma makosa. Kosa halikuwa la zoezi hata siku moja. Lilikuwa la mtoto, la goti lake, la mkono wake, na lilisomwa wazi wazi wote wasikie. Masudi alifundishwa kwamba kumsomea mtu makosa yake ndiyo heshima kubwa unayoweza kumpa. Hakuna aliyekuja kumfundisha vingine.

Kwa hiyo ghala lilipotaka mtu wa kuwanyoosha watu viungo asubuhi kabla ya kazi, Masudi alikuwa kama samaki aliyerudishwa majini. Aliwapanga Wasomali, Waoromo, Wakongo na Wakenya katika safu zilizonyooka, akawahesabia kwa Kiswahili, na Wazungu wakafurahi kweli kuona watu weusi wanainama kwa pamoja kabla hawajaanza kubeba. Na aliyeumia baada ya hapo aliulizwa swali moja, kama mazoezi aliyafanya sawasawa.

"Wameandika mgongo wangu ulikuwa mbovu tangu zamani," Saadia alisema. "Wameandika mwalimu wake mwenyewe kasema."

Masudi alikunja uso. "Mimi sikusema mbovu. Nimesema anachelewa."

"Nao wamepata walichokuwa wakikitafuta. Umenichongea, Masudi. Kwa mtu ambaye jaketi lake limekaa kwenye kiti na mimi naanguka."

"Ungetaka niseme uongo?"

"Ningetaka uniulize. Tunalala kitanda kimoja. Ungeniuliza, Saadia, kwa nini unachelewa?"

"Kwa nini unachelewa?"

"Kwa sababu nilikuwa sitaki."

Binti yao Swafiya alikuwa mezani na kompyuta yake. Alitoa kidude kimoja cha masikioni, kisha cha pili.

"Mgongo wangu ulikuwa mzima," Saadia alisema. "Mzima kama wako. Nilikuwa nainama ovyo makusudi, na nilikuwa nachelewa makusudi. Nikikuona umesimama pale juu na filimbi, roho inanichafuka."

"Kwa nini?"

"Unaikumbuka ile sherehe ya mgeni rasmi aliyechelewa?"

"Wageni rasmi wote walikuwa wakichelewa."

"Mimi naikumbuka hiyo moja. Tulikaa jukwaani tangu asubuhi, jua la utosi, kadi tumezifungua. Kiongozi anacheka, na mimi ni jino lake. Nikaomba ruhusa ya kwenda chooni. Mwalimu akaniambia jino halitoki, pataonekana pengo. Nikazuia mpaka nikashindwa. Nikajikojolea, Masudi, mtoto wa kike mkubwa, nimekaa pale, kadi nimeinyanyua juu, na wa safu ya chini yangu anageuka kuniangalia. Na wewe ulikuwa kule juu ya mnara na vibendera vyako. Tulipomaliza ukatusomea makosa kwa kipaza sauti. Ukasema safu ya meno imetikisika."

Macho ya Masudi yalikwenda mbali, na Saadia, pamoja na hasira zake zote, akasubiri. Alikuwa hajawahi kumwambia mtu yeyote habari ile. Masudi alipokuja kumposa miaka mingi baadaye Saadia alimtambua mara moja, akajisemea mambo yamepita, walikuwa vijana, ilikuwa serikali.

"Safu ya meno," Masudi alisema polepole. "Naikumbuka. Kweli ilitikisika."

"Baba," Swafiya alisema. Mtoto yule alizoea kujibu kila kitu kwa Kiingereza. Hilo tu ndilo alilolisema kwa Kiswahili jioni nzima, kisha akachukua kompyuta yake akaenda chumbani.

Saadia aliwahi kuvunja sahani kwa mambo madogo kuliko hilo. Safari hii hakuvunja kitu. Aliketi chini kwenye zulia kwa sababu kwenye kochi asingeweza kuinuka, akaanza kuvua mabuti, akashindwa kuzifikia kamba. Masudi alikuja akapiga magoti, akamfungulia. Saadia alimwachia, kwa kuwa hakuwa na namna.

"Ijumaa nitakuja kazini," alimwambia juu ya kichwa chake.

"Daktari kasema usiiname."

"Huyo daktari sasa nitamlipa na nini? Nitakuja, nitasimama kwenye safu. Nawe utaniangalia kama ulivyokuwa ukituangalia. Ukimaliza utanisomea makosa mbele ya hao wakubwa. Wewe si msema kweli? Basi utasema wote wasikie."

"Baada ya Ijumaa nitazungumza nao, Saadia. Nikishapewa kile cheo watanisikiliza. Sasa hivi mimi ni nani?"

"Baada ya Ijumaa," Saadia alirudia. "Lete mabuti hapa, yasiloweshe zulia."

&nbsp;

Ijumaa yenyewe Saadia alikataa kupanda gari la mumewe. Alikwenda na Dinah, Mkenya, mwenzake wa kazi wa mstari wa pili, mama mnene mcheshi aliyekuwa akiendesha gari huku anakula mandazi.

"Wewe una wazimu," Dinah alisema walipotoka kwenye barabara kuu. "Mimi ningekuwa na mgongo huo ningekuwa nimelala na chupa ya maji moto. Unaenda kumsaidia huyo mzee apate promosheni?"

"Nakwenda kuipata haki yangu."

"Kwa kuinama?"

"Mgongo wangu wameusemea wote, Dinah. Naftali kausema, wakubwa wameusema, mume wangu kausema. Mimi ndiye sijaulizwa."

Dinah alimpa andazi.

Ghala lilikuwa limefagiliwa kama msikiti siku ya Idi. Mabango mapya yalikuwa yamening'inizwa, watu wenye meno meupe wananyanyua vyuma na kucheka. Wakubwa watatu walisimama mbele, wamevaa vizibao vya njano ambavyo havijapata kuona vumbi, na kijana mmoja alikuwa na kamera begani. Masudi alikuwa juu ya rundo la mbao za kupangia mizigo, na suti yake nyeupe, na filimbi. Alipomwona Saadia anaingia safu ya mbele, katikati kabisa, uso wake ulilegea kwa furaha. Alidhani mkewe kamsamehe. Mwanaume mzima, na aliweza kudhani hivyo.

Naftali alimwinulia Saadia dole gumba.

Filimbi ikalia. "Moja," Masudi aliita, na mikono yote ikaenda juu. Saadia aliinyoosha yake mpaka viwiko vikalia. "Mbili." Pembeni. Kila pumzi ilikuwa inamchoma. "Tatu." Kifuani. Alikuwa akizijua hesabu zile kabla hajavunja ungo. Alifundishwa kwa fimbo, na mwili wake haukuwa umesahau hata moja. Miezi yote ile alikuwa akijifanya hajui.

"Nne."

Alishuka. Alishuka pamoja na wote, hakuchelewa hata kidogo, magoti yamekunjwa, mgongo wima, kidevu juu, vidole vimegusa sakafu. Kitu kilikatika tena palepale pa zamani. Macho yaliingia giza, kisha mwanga ukarudi, na akajua kwamba kusimama hatasimama. Aliinua uso akamtazama Masudi.

Masudi alikuwa ameona. Mtu aliyeangalia miili ya watu maisha yake yote hawezi asione. Aliona jinsi mkewe alivyoshuka, sawasawa kuliko mtu yeyote ghalani mle, na aliona jasho lililomtoka ghafla juu ya mdomo, na miguu inavyotetemeka. Alifungua mdomo kusema tano. Akisema tano watu wote watasimama, na Saadia atabaki chini peke yake, katikati ya safu, mbele ya kamera.

Tano haikutoka.

Watu walingoja wamechuchumaa. Mmoja wa wakubwa alidhani ndivyo zoezi lilivyo, akapiga makofi.

"Mzee, hesabu," Naftali alinong'ona kutoka pembeni.

"Masudi, haya magoti si ya serikali," Dinah alisema, na watu wachache wakacheka kwa taabu.

"Nisomee makosa," Saadia alisema. Sauti yake haikuwa kubwa, lakini ghala lilikuwa kimya, mikanda yote imezimwa kwa heshima ya wageni.

"Saadia," Masudi alisema.

"Nisomee. Nimekosea wapi?"

"Hujakosea."

"Waambie wao. Kwa lugha yao."

Masudi aliwatazama wakubwa, akaitazama kamera, akaitazama ile suti aliyokuwa ameivaa. Saadia alimwona anavyopiga hesabu ya kile anachokwenda kukipoteza, na kwa muda alidhani atapuliza filimbi. Ndipo Masudi alipoivua filimbi shingoni.

Kiingereza chake kilikuwa cha kukatakata, lakini kila mtu alielewa. "Huyu ni mke wangu," alisema. "Nilisema kwamba hawezi kuinama. Nilikosea mimi. Anaweza kuliko nyote hapa. Alikuwa mzima. Alikuwa akiinama vibaya kwa sababu mazoezi yangu anayachukia, na mimi sikumuuliza. Mgongo wake umevunjwa na boksi la watu wawili. Alibeba peke yake. Mwenzake aliondolewa." Alinyoosha mkono kumwelekea Naftali, mkono umenyooka vizuri, kidole mbele, kama alivyokuwa akiwanyooshea watoto. "Yule ndiye aliyemwondoa."

"Kata, kata," mkubwa mmoja alimwambia kijana wa kamera. Kamera ikashushwa. Naftali alianza kueleza kitu, mikono imekunjwa kama yuko madhabahuni, na hakuna aliyekuwa akimsikiliza. Masudi bado alisimama pale juu, mdomo wazi, hajui hesabu inaendeleaje.

Watu walikuwa bado wamechuchumaa. Hawakuwa na kosa lolote, na magoti yao yalikuwa yanakwisha bure.

"Tano," Saadia alisema mwenyewe.

Wakasimama wote. Yeye alibaki chini, kati ya mabuti na vizibao, na kutoka pale aliwaona wakubwa wakiinamisha vichwa kumtafuta.

&nbsp;

Naftali aliwafuata mpaka mlangoni. Alisema kesi itaangaliwa upya, alilisema hilo akitazama barafu nje. Alisema mzee Jumatatu arudi kufunga mizigo kama zamani, na filimbi ni mali ya ghala. Masudi alimpa.

Dinah alimshika Saadia mkono mmoja, Masudi wa pili, wakavuka uwanja wa magari hatua kwa hatua. Chumvi iliyomwagwa kuyeyusha barafu ililia chini ya miguu yao. Suti nyeupe ilikuwa imechafuka magotini, maana Masudi alipiga magoti kumnyanyua mkewe pale sakafuni. Hasira ya Saadia ilikuwa haijapungua hata chembe. Alikuwa amepata neno moja la kweli mbele ya watu, na lilikuja baada ya mgongo kukatika mara ya pili, na kesho bado hajui nani atamlipa daktari.

"Sikujua," Masudi alisema. "Ile siku ya jukwaani. Kama ningejua."

"Ungefanya nini?"

Masudi alifikiri. Alikuwa mtu wa kusema kweli. "Ningekusomea tu," alisema.

Dinah alifungua mlango wa nyuma wa gari lake, akazunguka kwenda kuwasha joto. Saadia alisimama anakitazama kiti, anakipimia mgongo wake. Masudi alimtia mkono kiunoni, akakaza visigino, akavuta pumzi.

"Haya, tunashuka pamoja," alisema. "Moja. Mbili—"

"Usinihesabie."

Masudi alifunga mdomo. Saadia aliutoa mkono wa mumewe kiunoni, akashika ukingo wa mlango, akakaa upande kwanza, akapumzika, akaingiza mguu mmoja. Baridi ilikuwa inaingia garini, Dinah akaongeza joto. Masudi alisimama kwenye theluji, mikono imening'inia, na akangoja mpaka mguu wa pili nao ulipoingia.